Zahanati ya Majani

Joyline Kananu alifika kijiji kilicho juu ya Kibugu Jumatatu saa nne asubuhi, akiwa na mashine ya kupima presha, katoni ya glavu, na barua iliyosema kuwa yeye ndiye muuguzi mpya wa zahanati yenye vyumba vinne. Ukungu ulikuwa umeshuka kutoka msituni ukayalalia mashamba ya majani chai. Alimuuliza njia mwanamke aliyebeba mzigo wa nyasi za nepia mgongoni na mimba ya miezi minane mbele.

"Zahanati ni hiyo, daktari," alisema mwanamke huyo, jina lake Karimi, akionyesha kwa kidevu.

Palikuwa na uwanja mtupu. Uwanjani, mimea ya kufika kiunoni, yenye majani mapana kama ya nduma, ilikuwa imeota kwa mistari iliyonyooka, nayo iling'aa kwa mwanga mweupe wenye umanjano kidogo, kama maziwa ya ng'ombe aliyezaa jana. Joyline alitoa barua akalinganisha. Vyumba vinne. Palipostahili mlango palikuwa na pengo.

Karimi alimweleza. Mtu aitwaye Njoka, mwenyekiti wa kamati ya ujenzi, alipeleka ripoti Alhamisi kwamba jengo limekamilika, na Ijumaa mimea ikaota. Simiti na mabati vilifika hadi kona ya pili ya barabara, vikabaki huko kwenye nyumba mpya ya Njoka, nyumba nzuri kweli.

"Na hamkusema?"

"Tulisema. Tukaambiwa zahanati imekwisha. Na si unaiona?"

Joyline alipangusa viatu akaingia kwa mlango.

Kazi haikukosekana. Watu walileta kitanda na viti, wakapiga foleni kwenye chumba cha kwanza, wakaitwa mmoja mmoja hadi cha pili. Mzee Ngari alipokatiza ukutani kwa kusahau, alirudishwa, akaomba radhi na kuingia tena vizuri. Jua likiwaka mimea ilikuwa kijani tu. Ukungu ukishuka, ilimulika hata Joyline akaweza kusoma maandishi madogo ya chupa za dawa.

Wiki ya tatu, saa kumi jioni, Karimi aliletwa ameegemea bega la mumewe, Elphas. Mvua ilikuwa imeanza, na gari la kwenda hospitalini Embu lilikuwa limekwama matopeni kule mtoni. Joyline alimpima. Mtoto alikuwa ametanguliza matako.

"Tutafanya hapa hapa," alisema. "Elphas, ngoja chumba cha kwanza."

Elphas akatoka kwa mlango, akakaa upande wa pili wa mstari wa majani, mgongo amewapa, kwa heshima.

Joyline hakuwahi kuzalisha mtoto wa namna hiyo bila mwenzake. Majani ya pande zote yalikuwa yamejinyoosha na kukutana juu ya kitanda, na mvua ikabaki kunyesha nje.

"Ongeza mwanga hapa kushoto," alisema, kama anavyoambiwa mtu aliyeshika tochi. Majani ya kushoto yakainama karibu.

Mtoto alitoka akiwa na rangi ya samawati, kimya. Joyline akamsugua mgongo, akamsugua tena. Halafu mtoto akapiga kelele zile za watu wenye hasira, na Elphas, bila kugeuka, akaanza kucheka na kulia pamoja. Msichana huyo aliitwa Kanana, jina la nyanya yake, mama yake Elphas. Joyline akaletewa jogoo, akampokea kwa mikono miwili.

Mwezi uliofuata alikuja mkaguzi wa majengo akiwa na gamubuti miguuni na utepe wa kupimia mkononi. Njoka alimtembeza. Mkaguzi alipima kila chumba, akalinganisha na mchoro.

"Hakuna kuta, mkubwa," Joyline alimwambia. "Simiti iko kona ya pili. Twende nikuonyeshe."

"Sista, vipimo viko sawa kabisa," alijibu mkaguzi, akatia sahihi na kumpa Njoka mkono wa pongezi. Kina mama wakawakaribisha chai na mukimo wa viazi na mahindi, kwa kuwa mgeni ni mgeni. Njoka akakabidhiwa pia ujenzi wa wadi ya uzazi.

Joyline aliandika barua mbili kwa ofisi ya afya kuhusu kuta. Zilijibiwa kwamba kituo chake ni cha kupigiwa mfano.

Siku moja ya manyunyu, Njoka mwenyewe alikuja na kikohozi. Alipangusa viatu, akasubiri zamu yake nyuma ya Karimi aliyemleta mtoto kwa chanjo. Alipokaa kwenye kiti cha mgonjwa, tone la maji lilipenya kati ya majani likamwangukia shingoni, kisha lingine.

"Daktari," alisema, akivuta kola, "hapa panavuja."

"Naona. Nimwandikie nani?"

Njoka alifikiri.

"Andikia kamati."

"Sawa, mwenyekiti," alisema Joyline. "Vuta pumzi."