Shahidi wa Skafognathi

Katika ofisi ya kamusi ya sayansi kulikuwa na sheria moja ambayo hata mfagiaji aliijua: huandiki maana ya kitu ambacho hukukiona. Kama hukukiona, unamtafuta aliyekiona, unamuuliza, na nyuma ya kadi unaandika jina lake na kazi yake. Mtu huyo aliitwa shahidi. Kadi isiyo na shahidi ilirudishwa mezani kwako na Mhariri Mkuu kwa mkono wake mwenyewe. Alikuwa mama mtu mzima, mwembamba, mwenye miwani mbili, moja ya kusomea na nyingine ya kukukodolea macho. Wafanyakazi walimwita Bibi Ushahidi, kwa sauti ya chini, tena akiwa ghorofa nyingine.

Mhariri wa wanyama wa majini naye alikuwa na jina lake la utani, Bwana Nukta, kwa kuwa aliweza kuona nukta iliyokosekana ukurasani akiwa bado mlangoni. Alikuwa mtu wa shati lililonyooshwa na kalamu mbili mfukoni, na alijisikia kidogo, tusimfiche. Katika miaka kumi na mmoja aliandika maana za vitu elfu tatu na ushei. Kimoja kati ya hivyo ndicho kilichomvua nguo mbele za watu.

Neno lenyewe ni skafognathi. Usiogope, hata wanaolijua hawalitamki kwa furaha. Ni kipande chembamba cha mwili wa kamba na kaa, kimefichika chini ya gamba la kichwani, kimejishikiza kwenye taya la pili. Vitabu alivyokuwa navyo Bwana Nukta viliishia hapo hapo, kwenye taya. Ilikuwa Ijumaa, kadi zilitakiwa na mpigachapa saa kumi, naye akapiga hesabu ya harakaharaka: kilicho kwenye taya kinatafuna. Akaandika, "Kipande kidogo cha taya la pili la kamba na jamii yake, hutumika kusagia chakula." Akaigeuza kadi. Upande wa nyuma ulikuwa mweupe pe, unamsubiri shahidi.

Na shahidi alikuwepo. Dada yake mkubwa alikuwa fundi katika kituo cha kuzalishia kamba. Kwa miaka kumi na tisa alishinda ndani ya mabuti ya mpira, akiwachungulia kamba kwa lenzi tangu wakiwa wadogo kama chembe za mchanga. Kama kuna mtu aliyekiona kipande hicho kikifanya kazi yake, basi ni yeye. Simu ilikuwa mezani, karibu na kiwiko cha Bwana Nukta. Hakuinyanyua. Aliandika jina la dada yake nyuma ya kadi kwa ule mwandiko wake mzuri, akaongeza "fundi, kituo cha kuzalishia kamba", akasaini na kuipeleka. Alijua kwamba kadi ikishagongwa muhuri hakuna anayeigeuza tena. Kamusi ikatoka, ikasifiwa, ikaingia mashuleni na kwenye vyumba vya mitihani.

Miaka miwili ikapita. Jumamosi moja mchana dada akabisha hodi nyumbani kwake, bahasha mkononi. Akavua viatu mlangoni, akakaa kwenye ncha ya kiti kama mtu aliyekuja kuomba kazi. Huyu ndiye aliyemlea Bwana Nukta baada ya mama yao kufariki, akimkalisha mezani kila jioni na kumwambia hanyanyuki mpaka ukurasa uishe.

"Mdogo wangu, nimeanguka," alisema.

"Umeanguka wapi tena, dada? Umeumia?"

"Si kwa miguu. Ule mtihani wa usimamizi. Nimekosa alama mbili."

Bwana Nukta alijua habari za mtihani huo. Msimamizi wa kituo alikuwa anastaafu, na kiti chake kingekwenda kwa fundi atakayefaulu. Asipopatikana wa kufaulu, angeletwa mtu kutoka nje, ambaye pengine kamba amewahi kuwaona kwenye sahani tu. Dada alikuwa mtahiniwa pekee, na kila mtu kituoni alishakihesabu kiti kuwa chake.

Akatoa karatasi, akaweka kidole kwenye swali la tisa. *Eleza kazi ya skafognathi. Alama nne.* Chini yake, kwa herufi zake kubwa za mtu asiyeandika mara kwa mara, alijibu kwamba ni kama kasia, kinasukuma maji yapite kwenye matamvua ya kupumulia ili mnyama apate hewa. Jibu lilikatwa kwa wino mwekundu. Pembeni msahihishaji ameandika: "Tazama Kamusi ya Sayansi. Kusagia chakula. Sifuri."

"Nimekuja unieleweshe," dada alisema. "Mimi nakiona kinapiga maji kila siku ya Mungu. Lakini kamusi ni yenu, na nyinyi hamwandiki ovyo, umeniambia mwenyewe mnavyohangaika. Sasa kumbe ninachokiona sicho?"

Masikio yalimwaka moto Bwana Nukta. Alikuwa na maneno mawili tu ya kusema: nilibuni, dada. Mtu aliyefasili vitu elfu tatu alishindwa na maneno mawili.

"Mambo ya kitaalamu haya, dada, yana mizunguko yake," alisema. "Huenda kina kazi zaidi ya moja."

"Huenda." Dada alilitafakari neno hilo kama amepewa dawa. "Basi nimewapotosha wenzangu miaka yote. Jumatatu nitawaambia."

"Usiwe na haraka hivyo."

"Hapana. Ukijua umekosea, unasema. Utangoja nini?"

Akanywa maji, akamwambia mdogo wake amekonda na aache kula amesimama, akavaa viatu vyake na kwenda. Bwana Nukta aliosha ile glasi moja kwa muda ambao angeosha vyombo vya harusi. Aliona aibu, na aibu yenyewe haikuwa ya kukosea. Watu hukosea. Aibu ilikuwa kwamba dada yake ameondoka akiyashuku macho yake mwenyewe, naye amemfungulia mlango na kumuaga kwa adabu.

Jumatatu alasiri dada alipiga simu kusema amekwisha kufanya. Aliwakusanya mafundi wote saba kando ya tangi la tatu, akawaomba radhi. "Mmoja kacheka," alisema, "lakini si kwa ubaya." Bwana Nukta akajibu, "Vizuri, dada," kisha akakaa akiitazama simu na kujichukia.

Aliyeharibu mambo, au aliyeyatengeneza, ni msimamizi mzee. Aliposikia fundi wake ameomba radhi kwa kusema kitu ambacho yeye naye amekiona kwa miaka thelathini, alikuja juu kama moto wa kifuu. Akaandika rufaa siku hiyo hiyo. Baraza la mitihani nalo likaiandikia ofisi ya kamusi: leteni kadi ya neno hilo tuione, Alhamisi saa nne, na mtahiniwa atakuwepo.

"Ni kadi yako," Bibi Ushahidi alimwambia Bwana Nukta siku ya Jumatano. "Itafute uniwekee mezani. Wacha waje waone tunavyofanya kazi." Alisema kwa fahari, maskini.

Chumba cha kadi kilikuwa nyuma, kina saraka mpaka darini. Bwana Nukta aliipata kadi bila shida. Aliishika kwa vidole viwili, akafikiria kuichana, lakini kadi zina namba, na pengo lingesema zaidi ya kadi. Akafikiria kuandika nyingine, lakini muhuri ulikuwa umefungiwa kwenye kabati la Bibi Ushahidi. Mwishowe akarudi mezani, na simu ile ile aliyoshindwa kuinyanyua ili amuulize dada yake neno moja, sasa akainyanyua ili amwombe adanganye. Ilipoita mara ya pili akaikata. Usidhani ni ujasiri. Alijua tu kwamba dada angekubali, na hilo ndilo lililomtisha.

Alhamisi walikuwa wanne chumbani. Bibi Ushahidi alikaa kwenye kichwa cha meza, kulia kwake katibu wa baraza la mitihani, bwana mnene mwenye faili, na ng'ambo yao Bwana Nukta na dada. Dada alivaa gauni lake la kutokea na mkoba mpya, lakini harufu ya matangi haikumtoka yote. Bwana Nukta aliisikia, akaona haya kwa kuisikia.

Bibi Ushahidi akasoma upande wa mbele wa kadi. Akaigeuza. Akalisoma jina kwa sauti, halafu akalirudia polepole, na kila aliyekuwepo akamtazama mwenye jina.

"Ni wewe, mama?" katibu aliuliza.

"Jina ni langu," dada alisema.

"Basi sielewi. Ulimwambia mhariri huyu kwamba kinasaga chakula, halafu kwenye mtihani ukaandika kinasukuma maji?"

Dada akaitazama kadi. Kisha akamgeukia mdogo wake, naye Bwana Nukta akaona jinsi anavyoelewa, hatua moja baada ya nyingine, mpaka mwisho. Hakukunja uso. Akaweka mikono juu ya mkoba wake.

"Ndiyo," alisema. "Mimi ndiye niliyemwambia. Nafikiri siku hiyo nilichanganya. Yeye kaandika kama nilivyosema, hana kosa."

"Basi hakuna rufaa hapa," katibu alisema, akaifunga faili. "Shahidi anayesema hivi leo na vile kesho hatuwezi kumpa alama, mama, samahani sana."

Hapo mambo yangeweza kuisha. Kosa limepata mwenyewe, kamusi ingerekebishwa kimyakimya, na jina la Bwana Nukta lingebaki safi. Naye, tuseme kweli, alingoja. Alingoja mpaka katibu akafunga kalamu na kuusogeza mkono kwenye kikombe cha chai. Akamsikia dada akivuta pumzi ndogo ya mtu aliyetua mzigo mahali asipopataka.

"Hakuniambia," alisema. Sauti ilimtoka imepasuka. "Sikumuuliza. Nilibuni, nikaandika jina lake."

Bibi Ushahidi akavua miwani ya kusomea, akavaa ile nyingine.

"Kwa nini hukumuuliza? Kituoni kwao kuna simu. Mezani kwako kuna simu."

"Muda ulikuwa..."

"Kuuliza ni dakika moja."

Uongo mwingine ulikuwa tayari mdomoni mwa Bwana Nukta, mzuri, umenyooshwa kama shati lake. Akauacha.

"Ni dada yangu," alisema, akiitazama meza. "Tumbo moja. Meza zetu zimebanana, kila mtu anasikia simu ya mwenzake. Sikutaka wanisikie namuuliza maana ya neno mtu wa mabuti, aliyeishia shule ya msingi. Nilimwonea aibu."

Katibu alikichungulia kikombe chake kana kwamba kuna maandishi ndani. Dada alikuwa ameinamisha kichwa, na kwa muda Bwana Nukta alidhani analia, lakini alikuwa anafungua na kufunga kishikizo cha mkoba.

"Mama," Bibi Ushahidi alisema, kwa upole ambao ofisi ile haikuwahi kuusikia. "Hebu tueleze sisi. Hicho kitu kinafanya nini?"

Dada akanyanyua mkono wa kushoto, akaukunja uwe kama kifuniko, hilo ndilo gamba. Chini yake akapitisha kiganja cha kulia, akakipigapiga mbele na nyuma, haraka, bila kupumzika. Akasema kinapiga hivyo mchana na usiku, hata mnyama akiwa ametulia tuli, na maji yanaingia huku na kutokea huku. Akasema anayeangalia kwa lenzi anakiona kikianza kusitasita kabla hata kamba hajaonyesha kuumwa, na hapo ndipo wanapokimbilia mashine ya hewa. "Mnyama anakula akitaka," alimaliza. "Lakini hiki kikisimama, huna kamba tena." Alieleza vizuri mno. Katibu aliandika kila neno, kisha akafungua upya faili na kuweka alama nne, bila kumtazama mtu.

Barua ya kumwachisha kazi Bwana Nukta ilichapwa kabla ya chakula cha mchana, na ilisema yale yaliyostahili kusemwa. Lakini kwanza alimsindikiza dada yake. Walishuka ngazi, ghorofa ya nne, ya tatu, ya pili. Alitaka kuomba radhi, na kila alipofungua mdomo aliona radhi yenyewe ni ndogo kuliko kitu chenyewe. Chini kabisa dada akasimama.

"Nimekuja hapa mara nyingi," alisema. "Kukuletea barua, kukuletea dawa ulipougua. Leo ndiyo mara ya kwanza nimepanda juu. Siku zote mlinzi akikupigia, unashuka mwenyewe unanipokea getini."

Bwana Nukta akatazama getini.

"Kule kituoni nawasimulia wenzangu," dada akaendelea. "Nawaambia mdogo wangu ni mtu mkubwa, ana ofisi ghorofa ya nne, lakini mimi nikija anaacha kazi zake zote anashuka kunipokea. Wananionea wivu." Akamtazama usoni kwa mara ya kwanza tangu chumbani. "Kumbe ilikuwa ni hilo hilo?"

Bwana Nukta alitamani kusema hapana kuliko alivyowahi kutamani kitu chochote.

"Ndiyo, dada," alisema.

Dada akatikisa kichwa taratibu. Akaupachika mkoba begani. Bwana Nukta alipopiga hatua ili waongozane, akamzuia kwa kiganja.

"Panda juu, wanakungoja," alisema. "Getini nitafika mwenyewe."