Mama Mugabo Anaonyeshwa Milima

Mama Mugabo alizaliwa Rwezamenyo, mtaa wa Kigali, akaolewa Rwezamenyo, akashona magauni ya harusi ya nusu ya mabibi wa Rwezamenyo, na alikuwa amefika umri wa kuitwa nyanya bila kuwahi kuuona mlima wa volkano ila kwenye kalenda. Hilo halikumsumbua hata kidogo. Lilimsumbua mwanawe Mugabo, ambaye alikuwa na tabia ya kuwapangia watu furaha bila kuwauliza. Siku moja akaja nyumbani na habari kwamba amewakatia mama yake na dada yake Shami viti viwili kwenye basi la utalii: Musanze, Rubavu, Karongi, msitu wa Nyungwe, Huye, kisha nyumbani. Mama akagomba wiki nzima. Nani atamalizia nguo za watu? Nani atamwagilia mchicha wake? Siku ya safari ndiye aliyekuwa wa kwanza kufika, kavaa viatu vipya, kakamata kiti cha dirishani na hakumpisha mtu.

Shami alikwenda ili kumwangalia. Mama hakuwa mzima sana. Mwaka ule mumewe alipofariki hospitalini, jirani mmoja asiyejua kufunga mdomo alimpigia simu na kummwagia habari yote akiwa jikoni peke yake, na mama akaanguka palepale kwa kiharusi. Mdomo ulinyooka baada ya miezi. Mkono wa kushoto haujarudi sawasawa mpaka leo. Tangu hapo ukoo ulishika kwa nguvu mpya desturi ambayo mtaa wao ulikuwa nayo tangu zamani: mtu aliye safarini haambiwi msiba. Anaachwa afike, anywe maji, akae chini, ndipo mkubwa wa nyumba amwambie huku wenzake wamemshika. Ni desturi ya huruma. Watu wa Rwezamenyo wana huruma kweli, na huruma yao haiombi ruhusa.

Aliyewatembeza aliitwa Théoneste, mzee mwembamba mwenye kofia ya kitambaa, aliyeisifu milima kana kwamba ameizaa. Alisimama mbele ya basi na kipaza sauti, Kinyarwanda kikimpeleka kwenye Kiswahili, Kiswahili kwenye Kifaransa, na kila kona akawa na neno. Kule Musanze mawingu yalikuwa yamefunika kila kitu, abiria wakaanza kununa.

"Mungoje," akasema Théoneste. "Volkano iko na haya kidogo. Mukimutazama sana anajificha."

Mama akacheka mpaka akajifuta macho. Na mawingu yalipoachana, Karisimbi, mkubwa wa volkano zile, akatokea na kichwa chake, mama akamnyang'anya Shami simu ampigie mwanawe.

"Mugabo we! Mulima imenitokea! Iko kubwa, sijui nikuambie namna gani!"

Upande wa pili Mugabo alikuwa anacheka naye. Shami aliisikia sauti ya kaka yake ikitoka kwenye simu, na nyuma yake kelele za malori ya Masoro, alikokuwa akifanya kazi ya kupokea mizigo kwenye ghala.

Siku ya pili basi lilifuata barabara ya ziwani, likapanda na kushuka, likazunguka vilima vya chai na migomba mpaka tumbo la kila mtu likachoka. Walifika Karongi jua bado lipo. Mama akaingia chumba chao cha hoteli kutia udhu. Simu ya Shami ikaita. Alikuwa Mjomba Hakizimana, ndugu wa mama, mkubwa wa nyumba yao.

"Mama yako iko karibu?"

"Anatia udhu, Mjomba."

"Toka inje. Toka kabisa, mahali hawezi kukusikia."

Shami akatoka mpaka kwenye ukuta wa bustani, ziwa likiwa chini yake. Mjomba hakuzunguka sana. Lori lilikuwa linarudi nyuma pale ghalani, Mugabo alikuwa nyuma yake, dereva hakumwona. Hawakumfikisha hospitali akiwa na roho. Watamzika kesho, baada ya sala ya adhuhuri.

Shami alishika ukuta. Maneno yalimwingia, lakini hayakupata mahali pa kukaa.

"Tunarudi," alisema. "Tunarudi sasa hivi."

"Murudi na nini? Utamwambia nini njiani?"

"Sitamwambia. Nitasema basi limeharibika, nitasema mimi ndiye mgonjwa."

"Mama yako si mutoto, Shami. Kabla ya kufika Muhanga, katikati ya njia, atakuwa amejua, na mutakuwa ndani ya gari, wewe na yeye tu, na presha yake. Umesahau jikoni? Mutu iko safari haambiwi kifo. Amalize safari yake. Atafika, atakunywa maji, nitamwambia mimi."

"Mjomba, hatamwona."

"Bora asimwone huyo mumoja kuliko tuzike wawili." Sauti ya mzee ikakatika, akakohoa kuificha. "Usithubutu, mwana wangu. Nakuomba, na pia nakukataza."

Théoneste alimkuta pale ukutani. Shami hakukusudia kumwambia, ila mzee yule alimtazama tu na akasema, "Iko nini?" na yote yakamtoka. Théoneste alivua kofia yake.

"Mana yanjye, Mungu wangu. Ihangane, mwana wangu. Jikaze." Akasogea karibu naye. "Sikia. Asubuhi mapema kuna gari ya hoteli inaenda Kigali kuchukua wageni. Dereva namujua. Mukipanda, mutafika kabla ya adhuhuri, na wakati utabaki. Mimi nitamwambia asimame kwenye mulango, anigoje nimupe alama. Wewe ndiye utasema kama munaenda."

Chumbani mama alikuwa ameshamaliza kusali, bado kakaa kwenye mswala. Alikuwa akiomba kwa sauti ya chini, akiwataja watoto wake kwa majina kama alivyofanya kila jioni ya maisha yake. Kwa Mugabo aliomba umri mrefu. Shami aliingia bafuni, akafungua maji yote, akaziba mdomo kwa taulo.

"Mpigie kaka yako nimweleze hii ziwa," mama akamwambia alipotoka.

"Mtandao haupo, mama."

"Si nimekusikia unaongea inje?"

"Ulikatika. Milima hii."

Mama alipoenda kuangalia chakula, Shami aliitoa laini kwenye simu ya mama, akaifunga kwenye kitambaa, akaitia mfukoni. Alijiona mwizi, na kweli alikuwa anaiba. Lakini bado alijiambia kwamba asubuhi ataamua vizuri.

Kulipokucha gari lilikuwepo langoni, injini inanguruma. Théoneste alikuwa amesimama kando yake, kofia mkononi, anamtazama Shami. Mama alitoka na begi lake, mchangamfu, anauliza kama ni kweli msituni kuna mbega wanaotembea kwa mamia. Kulikuwa na baridi. Aliweka begi chini afunge vifungo vya sweta yake, na mkono wa kushoto ukakataa. Kidole kilikitafuta kifungo, kikakikosa, kikakitafuta tena. Mwanamke aliyeshonea mji mzima alikuwa anashindwa na kifungo cha sweta, na alikuwa ameshazoea, alitabasamu tu akingoja msaada.

Shami akamfunga kifungo kimoja kimoja. Alikuwa karibu naye kiasi cha kusikia pumzi yake. Neno lilikuwa kinywani. Ingetosha kusema, "Mama, twende nyumbani," na mama angeuliza kwa nini, na hapo ndipo Shami alipomwona, akilini mwake, ameanguka kwenye changarawe, macho wazi, mdomo umekwenda upande. Akamaliza kifungo cha mwisho. Akamtazama Théoneste na kutikisa kichwa. Mzee akapiga bodi ya gari kwa kiganja, gari likaondoka, na Shami akalisikia mpaka lilipomaliza kona zote za mlima.

Hakuna aliyemlazimisha. Mjomba alikuwa mbali, ana simu tu mkononi. Shami aliogopa, na akakiita kile kitu utii.

Nyungwe ni mahali pazuri, hilo litasemwa kwa haki. Miti imepangana ghorofa kwa ghorofa, ukungu unatoka mabondeni taratibu, na pale kwenye daraja la kuning'inia mtu anatembea juu ya vichwa vya miti. Mama alivuka akiwa kamshika Shami kiunoni, anapiga kelele za woga na furaha kama msichana. Katikati ya daraja akataka picha. Shami akapiga. Akaambiwa na yeye asimame, mgeni mmoja awapige wote wawili, acheke kidogo, mbona kanuna? Akacheka.

Théoneste alikuwa na mazoea yake: wageni wakirudi kwenye basi baada ya matembezi, kipaza sauti kinapita kiti kwa kiti, kila mtu anasalimia watu wa kwao, na yeye anarekodi ili awatumie. Siku hiyo abiria ndio waliodai. Théoneste alijaribu kupita kiti cha mama haraka haraka.

"We mzee, mbona mimi unaniruka?" Mama akakidaka kipaza sauti. "Ni mimi Mama Mugabo. Mugabo mwanangu, umenileta juu ya miti kama nyani, Mungu akulipe. Sasa sikia. Huku nimeona wasichana wanapanda mulima na mizigo kichwani, hawahemi! Sitarudi mikono mitupu. Jiandae, nakuletea bibi!"

Basi zima likaangua kicheko na makofi. Shami naye akapiga makofi, kwa sababu mama alikuwa amegeuka kumtazama. Adhuhuri ilikuwa imeshapita. Kabla makofi hayajaisha ujumbe wa Mjomba ukaingia: Tumemaliza. Alhamdulillah. Watu walikuwa wengi sana.

Kule Huye Shami hakuona kitu. Aliambiwa baadaye kwamba walionyeshwa makumbusho, na kwamba mama alinunua kikapu.

Waliingia Kigali alasiri ya siku iliyofuata ile ya Nyungwe. Wengine wote walishushwa mjini, lakini Théoneste alimwomba dereva awafikishe hao wawili mpaka kwao. Basi lile kubwa likajibana kwenye barabara za Rwezamenyo, watoto wakikimbia pembeni. Mama alikuwa anacheka kwamba leo karudishwa kama waziri. Kisha akaona turubai lililofungwa mbele ya nyumba yake, na wanaume wenye kofia wamekaa ukutani, na wote wakasimama kwa pamoja.

Akashuka mwenyewe. Mjomba Hakizimana alikuwa anakuja na glasi ya maji.

"Karibu, dada. Kunywa kwanza."

Mama hakuipokea. Macho yake yalikuwa yanapita kwenye nyuso za wanaume wale, moja baada ya nyingine, mpaka wa mwisho, halafu yakaanza upya.

"Hakizimana. Mugabo iko wapi?"

Wanawake walishajipanga nyuma yake, wawili wakamshika mikono, mmoja kiuno. Mjomba akasema. Alisema vizuri, kwa maneno aliyoyaandaa, akamtaja Mungu mwanzo na mwisho. Kila mtu akangoja.

Mama hakuanguka. Miguu ilibaki imesimama. Akautoa mkono wa kulia mikononi mwa waliomshika, kisha ule wa kushoto.

"Mumemzika lini?"

"Jana. Baada ya adhuhuri."

Akageuka. Shami alikuwa bado kwenye ngazi ya basi na mabegi mawili.

"Na wewe ulijua tangu lini?"

"Juzi, mama. Tulipofika Karongi."

Mama alikuwa anairudisha safari nyuma kichwani, na Shami aliona kila mahali alipofika.

"Nilikuwa namtafutia bibi," mama akasema. "Watu wakapiga makofi. Na wewe ukapiga."

"Dada, tuliogopa presha yako," Mjomba akasema. Sasa alikuwa analia waziwazi. "Tuliogopa kukupoteza na wewe."

"Wewe ulimwona uso?"

"Nilimwona."

"Ilikuwa namna gani?"

"Ilikuwa nzuri, dada. Uso haikuguswa. Ni kama amelala."

"Ulimwona," mama akarudia. "Sawa. Umefanya vizuri kumwona."

Akavua viatu vyake vipya mlangoni, akaingia. Sebuleni makochi yalikuwa yametolewa, mikeka imetandikwa ukuta kwa ukuta, wanawake wa nyumba na wa ukoo wamekaa chini na khanga kichwani. Mikekani ni pa wafiwa. Wanaokuja kutoa pole na kuondoka huwekewa viti karibu na mlango. Wanawake wakasogea, mama akapata nafasi katikati, akaketi na kunyoosha miguu. Ndipo kilio cha kwanza kikamtoka, na nyumba nzima ikakipokea.

Shami aliweka mabegi chini. Alivua viatu, akajifunika kichwa, akapita kati ya magoti ya watu mpaka ubavuni mwa mama, akainama ili akae. Mama akainua mkono wa kushoto, ule mbovu, akamzuia. Aliwatazama wanawake wengine, hakumtazama yeye.

"Huyu ni mgeni, ametoka kutembea," akasema. "Mpeni kiti."

Mwishowe jirani mmoja, Scovia, akainuka, akaleta kiti cha plastiki na kukiweka karibu na mlango. Shami akaenda akakaa.