Shahidi wa Makote

Nikolao ndiye aliyeshikilia kwamba Abdulazizi apelekwe Masasi kutoa ushahidi. Wote wawili walikuwa waendesha mitambo ya maji Newala mpaka walipostaafu, na shirika lao likakataa kuwalipa pensheni, likidai wao na wenzao walikuwa vibarua tu, nao wakalishtaki. Abdulazizi alikuwa msimamizi wa zamu. Kati ya wale waliowapokea wenzao kazini, ndiye pekee aliyekuwa bado hai.

"Baba Esther, akili za mume wangu zinapotea," alisema Hajira, mke wa Abdulazizi, Nikolao alipowafuata nyumbani kwao Makote. "Asubuhi anajua. Mchana hajui."

"Kesi inasikilizwa asubuhi, Mama Ziada. Bila yeye hatuna kitu."

Hajira akakubali. Alimpigia mumewe pasi shati jeupe, wakashuka naye Masasi.

Siku hiyo kesi nyingine ilitangulia, ikala muda. Abdulazizi aliitwa saa nane mchana. Alipanda kizimbani vizuri, akaapa, akataja jina lake na la baba yake. Nikolao akashusha pumzi.

"Mzee, unawafahamu wadai hawa?" wakili wao aliuliza.

Abdulazizi aliwatazama wenzake kwenye mabenchi, mmoja baada ya mwingine. Akaanza kupapasa mifuko yake.

"Naomba ruhusa, bwana," alimwambia hakimu. "Watu wa Mkunya hawajapata maji tangu jana. Kina mama wamepanga ndoo. Mimi ndiye mwenye zamu."

Mtu akacheka huko nyuma. Wakili wa shirika hakucheka. Aliinuka tu, akasema hana swali kwa shahidi huyu. Abdulazizi alishuka analia, akiuliza kwa nini wamemfungia mlango, na Hajira akampangusa uso kwa pindo la kanga mbele ya watu wote. Nikolao hakuweza kuwatazama.

Hukumu ilitoka baada ya msimu wa korosho. Madai yalitupwa kwa kukosa uthibitisho kwamba wazee hao waliwahi kuajiriwa. Wenzake Nikolao walitawanyika nje ya mahakama bila hata kuagana. Yeye akaenda moja kwa moja Makote.

"Tumeshindwa, Mama Ziada. Nisamehe kwa kumdhalilisha."

Hajira aliendelea kumenya muhogo. "Kesi haikuniuma," alisema. "Ila tangu siku ile, nikimwambia tutoke hata kidogo, anang'ang'ania nguzo ya nyumba. Anadhani nampeleka kwa wale watu."

Abdulazizi alikuwa barazani, kwenye mkeka. Nikolao akaketi karibu naye.

"Shikamoo, kaka."

"Marahaba, mzee. Umetoka wapi?"

"Ni mimi, Nikolao."

Abdulazizi alitikisa kichwa, kwa upole, kama anayemrekebisha mgeni. "Nikolao namjua. Yule ni kijana, ana nguvu kweli."

Nikolao hakubisha. Alimwomba amsimulie habari za kijana huyo, akakaa kumsikiliza, machozi yakimtoka.