Chakula cha Kanali

Memsabu Hartnell alirudi kutoka Malindi na pua iliyobabuka kwa jua na ndoo yenye kaa sita. Nikadhani ni kitoweo, nikateleka sufuria ya maji. Nusura nifukuzwe siku hiyo hiyo. Kumbe hawakuwa kaa wa kuliwa. Walikuwa kaa wadogo wanaobeba nyumba mgongoni, kila mmoja amejibana ndani ya kombe la konokono aliyekufa zamani, na kazi yao hapa duniani, kama nilivyokuja kufahamu, ilikuwa kutazamwa.

Huo ulikuwa mwaka wa hamsini na sita, katika shamba la kahawa kati ya Ruiru na Thika. Mimi, Mulei, nilikuwa mpishi. Kabla yangu jikoni alikuwa Gichuru, fundi hasa wa mikate, lakini wakati wa vita vya Mau Mau lori la serikali lilikuja kuwachukua Wakikuyu na hakuna aliyemuuliza kama ameshaepua mchuzi. Memsabu akataka Mkamba. Nikapata kazi, na pamoja na kazi chumba kimoja kule laini, yaani nyumba za wafanyakazi zilizopangwa mistari nyuma ya kiwanda cha kuoshea kahawa. Nikifukuzwa kazi, natoka chumbani siku hiyo hiyo na mke na mtoto. Hilo nililikumbuka kila nilipofunga aproni.

Kaa walipewa sanduku la kioo sebuleni, mchanga uliochekechwa, bakuli la maji ya chumvi, bakuli la maji matamu, na majina. Mkubwa aliitwa Kanali. Wengine walikuwa Askofu, Jaji, na watatu ambao sikuwahi kuwatofautisha. Kisha memsabu akaandika kadi ya chakula, akanisomea mara mbili, akaipigilia msumari mlangoni pa stoo. Jumatatu papai na yai la kuchemsha. Jumanne samaki asiye na chumvi. Jumatano karoti na mchicha. Alhamisi nyama isiyo na mafuta, isagwe. Ijumaa samaki tena. Jumamosi ndizi na njugu. Jumapili tunda peke yake, tumbo nalo lipumzike.

"Mulei, hapana sahau," alisema. "Kaa iko na tumbo dogo sana. Nakula mbaya, nakufa."

Tumbo lilikuwa dogo kweli, lakini memsabu alipima chakula kwa mkono wa mtu aliyezoea kulisha farasi. Kaa sita walidonoa donoa sahani nzima, asubuhi yake ikawa kama haijaguswa. Mabaki yalizikwa chini ya maua ya waridi, maana waridi nayo ilikuwa na haki zake. Wambua wa bustani alikutwa akitafuna papai la Askofu nyuma ya banda, na kabla ya chakula cha mchana alikuwa barabarani na blanketi lake.

Mimi niliona hayo yote nikanyamaza. Sikuwa shujaa. Ila nilikuwa na Ndinda.

Ndinda, mtoto wangu, alikuwa na miaka mitatu. Surua ilimpiga wakati wa mvua, ikaondoka, lakini yeye hakurudi. Miguu ikavimba, nywele zikaanza kuwa nyekundu, akawa mtoto wa kukaa mlangoni bila kucheza wala kulia. Mimi na mke wangu Wayua tulimpeleka zahanati ya Thika. Dresa, mhudumu wa pale zahanati, alimbonyeza mguu, shimo la kidole likabaki pale pale.

"Huyu hana minyoo wala homa," alisema. "Huyu ana ugali. Anakula ugali na nini?"

"Na chumvi," Wayua akajibu.

"Basi mpeni yai. Mpeni samaki, nyama kidogo, mboga, matunda. Mkikawia, msimlete tena hapa, mumpeleke kwa padri."

Kwa bwana, mume wa memsabu, mshahara wetu mkubwa ulikuwa posho, yaani unga wa mahindi wa wiki. Wayua alilia njia nzima ya kurudi. Mimi sikulia, kwa sababu mbele ya macho yangu nilikuwa naona mlango wa stoo.

Kesho yake ilikuwa Jumatatu. Nilifunga papai na yai katika jani la ndizi, nikapeleka nyumbani chini ya aproni. Nilimwambia Wayua kwamba daktari mkuu wa Thika ameandika dawa ya Ndinda kwa siku, tena hospitali yenyewe inaleta kupitia kwangu, na siku zisichanganywe. Nilidanganya ili asiogope. Wayua ni mtu wa kushika amri. Akiambiwa dawa ni ya Jumanne, hata ungemshikia panga asingeitoa Jumatano.

Na kaa? Kaa niliwapa nilichokuwa nacho: ukoko wa ugali, maganda ya mayai niliyoyatwanga, majani makavu, na kipande cha gome la mti. Niliweka sahani ile, nikachutama kando. Kanali akaja, akaupapasa ukoko, akaukumbatia kwa mikono yote miwili. Asubuhi sahani ilikuwa nyeupe. Hata gome walikuwa wamelitafuna.

Tukaenda hivyo miezi. Memsabu alipokwenda Nanyuki kwa dada yake, Jaji alijizika mchangani asionekane wiki tatu. Nilichimba kwa kijiko, nikapata ngozi yake tupu, miguu na kucha zote, nyepesi kama ganda la kitunguu. Nikajua nimeua, nikaanza kufunga mizigo. Wiki iliyofuata Jaji akatoka mchangani mwenyewe, mkubwa kuliko alivyoingia, akahamia kombe jipya. Kumbe hawa jamaa huvua ngozi wanapokua, na hujificha mpaka mpya ikauke. Memsabu hakuwapo kuona, nami sikumweleza. Hakuwa na mazoea ya kuelezwa mambo.

Ndinda naye alishuka uvimbe. Nywele zikarudi nyeusi kuanzia mashinani. Siku aliyompiga mtoto wa jirani yetu Ndila kwa mwiko, nilifurahi sana, nikamwombea radhi kwa Ndila huku nikicheka.

Balaa ilitokana na afya hiyo hiyo. Memsabu na wenzake wa klabu waliamua kuwafundisha akina mama wa laini namna ya kulisha watoto. Wageni walikuja na kofia zao, wakiongozwa na memsabu mmoja mnene kutoka Nairobi. Mimi nilibeba sanduku la kioo. Memsabu Hartnell alimnyanyua Kanali mbele ya akina mama waliokaa chini.

"Angalia huyu," alisema. "Mimi napanga kula yake kwa akili. Angalia namna nanona. Nyinyi napa toto ugali, ugali, ugali. Hii iko uvivu."

Akina mama wakamtazama Kanali. Kanali akajivuta ndani ya kombe lake.

Yule mnene wa Nairobi akapita katikati ya watoto akishika mikono myembamba, mpaka akafika kwa Ndinda. Akasimama. Akambinya shavu, akauliza mama yake ni nani na anampa nini. Wayua akasimama, akakunja mikono mbele, akasema kwa sauti ya kanisani:

"Jumatatu napatia yeye papai na yai ya kuchemsha. Jumanne samaki haina chumvi. Jumatano karoti na mchicha. Alhamisi nyama ya kusaga, hakuna mafuta. Ijumaa samaki tena. Jumamosi ndizi na njugu. Jumapili matunda peke yake, tumbo nayo ipumzike."

Wageni walipiga makofi. Memsabu Hartnell hakupiga. Alinitazama, nami nikatazama mchanga wa kaa.

"Nani nafundisha huyu?" aliuliza yule mnene.

 Memsabu Hartnell angesema nimeiba, angelazimika kusema vilevile kwamba Kanali aliyemnyanyua hajaonja yai tangu mwaka jana. Uso wake ukawa mwekundu polepole.

"Mimi," alisema. "Mimi nafundisha."

Wakampigia makofi yeye. Jioni aliniita jikoni, nikaenda nimeshavua aproni na kuikunja, maana sikutaka kuvuliwa.

"Sema kweli. Kaa nakula nini?"

"Posho, memsabu. Ukoko ya ugali na takataka ya miti."

Aliwaza, na nikaona furaha ikimjia usoni. Hiyo ndiyo iliyonitisha. Aling'oa kadi mlangoni. Sikufukuzwa, angewaambia nini wageni wake? Lakini kuanzia siku hiyo mayai, samaki na mapapai ya kaa yalifutwa, na ufunguo wa stoo ukakaa mfukoni mwake. Mezani nikiwapakulia supu, nilimsikia akimweleza mumewe kwamba posho ni chakula kamili, kaa wenyewe ni ushahidi. Wakati huo nyapara wetu Munyao alikuwa amewaombea wafanyakazi maharagwe ya kulia ugali. Bwana akamjibu kesho yake kwamba jambo hilo limeshachunguzwa.

Nilitamani kumtupa Kanali katika mchuzi.

Wiki ya tatu Ndinda alirudi mlangoni. Aliacha kuuliza kama leo ni Jumatatu. Wayua alifikiri hospitali imetusahau, akataka kwenda kuwashukuru kwanza kisha awakumbushe. Ikabidi nimwambie ukweli. Hakunigombeza. Alisema tu, "Baba Ndinda, ungeniambia, ningejua kunyamaza."

Hilo liliniuma kuliko kung'olewa kwa kadi.

Ndipo kaa walipoanza kujizika. Kwanza Askofu, kisha wale watatu, kisha Jaji, na mwisho Kanali mwenyewe. Memsabu alikuta sanduku tupu, sahani ya ukoko haijaguswa. Akachimba kwa kijiko cha chai, akatoa ngozi ya Kanali na kucha zake zote. Akaketi sakafuni akalia, na mimi, Mungu anisamehe, nilimwonea huruma kidogo.

"Mulei, nini naua yeye?"

Nilikuwa na jibu la kweli na jibu jingine. Nilichagua bila kuchelewa.

"Posho, memsabu."

Akashika kichwa.

"Hawa ingine iko hai bado," nikamwambia. "Wanaumwa tu. Memsabu asichimbe. Aweke chakula ile ya kadi kila siku, sahani kubwa. Labda wakisikia harufu watatoka."

Kadi ikarudi mlangoni kabla ya saa sita, na kiasi kimeongezwa mara mbili. Kila asubuhi nilitoa sahani ambayo hakuna kaa aliyeigusa, na waridi hazikuambulia kitu. Ilimtosha Ndinda, ikamtosha na mtoto wa Ndila. Wayua alipewa siku zote saba tena, na safari hii alijua zinatoka wapi.

Siku moja nilijitia ujasiri. "Memsabu, kama posho naua kaa, watu ya laini je? Munyao naomba maharagwe."

Alinitazama kwa upole, kama mtu anayemwelekeza mgeni njia. "Mulei, kaa iko kitu laini. Nyinyi nazoea."

Nikasema ndiyo memsabu. Jioni nikamwambia Munyao jibu lile. Alikwenda kunoa panga la kupogolea kahawa, akalinoa muda mrefu kuliko panga linavyohitaji.

Kesho yake nilipokuwa nafagia sebule kabla memsabu hajaamka, mchanga ulitikisika. Kanali akatoa macho, kisha kucha, mpya na nyekundu. Alikuwa amekua. Akaanza kuelekea sahani, ambapo palikuwa na papai na yai, kwa kuwa ilikuwa Jumatatu.

Nilisikiliza ngazi. Kimya. Nikamchukua kwa vidole viwili, nikamrudisha shimoni taratibu nisimuumize, nikamfunika mchanga na kuulainisha kwa kiganja.

"Lala kidogo tena, Kanali," nikamwambia, nikachukua sahani.