Mpaka Uridhike

Dada yangu ni msanii wa mawazo. Nikiulizwa maana yake huwa najibu kwa kifupi: yeye anafikiri, sisi tunabeba. Alipomaliza chuo aling'oa mlango wa chumba chetu, akausimamisha katikati ya soko, na watu wazima wenye akili zao timamu wakapanga foleni kubisha hodi na kupita. Ikawa gumzo la mji mzima. Mimi nililala miezi miwili bila mlango, na hakuna gazeti lililoandika hilo.

Baadaye akajaza ukumbi mzima sauti za watu wakiapa kwenye simu kwamba wako njiani, na nyuma yao unasikia kabisa wanajimwagia maji bafuni. Hiyo ilimzungusha nchi sita. Kila akirudi na zawadi, baba alishukuru, akamtazama kwa huruma, akamuuliza kazi atatafuta lini. Miaka ishirini na saba, swali lile lile. Dada alikuwa analicheka, lakini mimi ndiye niliyelala naye chumba kimoja, najua lilivyokuwa likimchoma.

Mwaka huu jumba kubwa la sanaa likampa kumbi zake zote aonyeshe alichofanya maisha yake yote. Ukuta wa mwisho akamwachia baba, fundi rangi mstaafu. Akamkabidhi karatasi yenye mstari mmoja: "Paka ukuta huu rangi nyeupe mpaka uridhike." Karatasi ingetundikwa kando ya ukuta, basi, sanaa imekamilika.

Nilimwambia amejitafutia balaa. Baba hajawahi kuridhika. Wateja wake walikuwa wanahamia na vitanda vyao, yeye bado yuko sebuleni anapiga msasa. Dada akasema wiki mbili zinamtosha.

Baba akakwangua rangi yote ya zamani, akaziba nyufa, akapaka mara tatu. Kisha akaumulika ukuta kwa tochi kutoka ubavuni, akaona vibonde ambavyo binadamu mwingine hawezi kuviona, akaanza upya. Siku ya ufunguzi wageni wanaingia na suti zao, baba yuko juu ya ngazi na ovaroli, na nusu ya ukuta bado mbichi.

Mkurugenzi wa jumba, jasho likimtoka, alimwomba dada amshushe mzee. Dada akakataa kwa upole. Alisema karatasi imeandikwa mpaka aridhike, na akimshusha kabla, atakuwa amewadanganya watu wote waliokuja. Nami moyoni nikamwonea fahari na hasira kwa pamoja. Mkurugenzi akaona isiwe tabu, akaenda mwenyewe hadi chini ya ngazi.

"Mzee, ukuta umependeza sana. Tunaomba ushuke sasa."

Baba hata hakugeuka. "Mimi sina ruhusa hiyo. Muulize binti yangu. Kazi ni yake, mimi namfanyia tu."

Wageni wakacheka na kupiga makofi. Dada hakucheka. Alikaa chini pale pale sakafuni na gauni lake jipya, akalia kama mtoto mdogo. Baba alipomwona aliteremka mbio, brashi mkononi, akachuchumaa mbele yake na kumuuliza kwa wasiwasi ni upande gani wa ukuta haukukaa vizuri.