Fulana ya Jeshi, Sketi ya Nyumbani

Koplo alikuwa ameshavua bukta ya mazoezi na kuvaa sketi yake ya kushindia nyumbani. Fulana ya jeshi ilikuwa bado mwilini, imelowa jasho la mbio za asubuhi, mama mkwe alipopiga ukelele kutoka chumba cha pili.

"Mwanangu, njoo! Mtoto amegeuza macho!"

Alimkuta bintiye wa miaka miwili amekakamaa kitandani, meno yameumana, mikono ikitupwatupwa. Degedege. Hakuuliza kitu. Alimbeba, akachomoka na ndara miguuni, huku mama mkwe akijikongoja nyuma na magoti yake mabovu.

Njiani mtoto aliacha kutupa mikono, akalegea begani kama nguo mbichi. Ilikuwa nafuu, lakini Koplo hakuiona nafuu hiyo. Alikimbia akihesabu pumzi za mwanawe shingoni pake.

Zahanatini, mwandikishaji alimgusa mtoto paji la uso, akaguta. "Anachemka! Simama hapo mlangoni, dada. Nesi anamalizia kumfunga mtu kidonda, wewe ndiye unayefuata."

Koplo aligeuka kutafuta pa kusimama, na hapo damu ikamganda. Kwenye benchi la mwisho, na karatasi ya maabara mkononi, alikaa Sajini Meja.

Kambini walimwita Pasi, maana mikunjo ya suruali yake ingeweza kukata mkate. Hata leo, akiwa na nguo za kiraia, shati lake lilikuwa limenyooka kama ubao. Ni yeye aliyesoma amri mpya kwenye gwaride la Jumatatu, baada ya majambazi waliovaa fulana za jeshi na suruali za jinzi kuvunja duka mjini.

"Nguo ya mazoezi uivae kamili au uivue kamili!" alinguruma siku ile. "Fulana ya jeshi na nguo ya kiraia ni chui na mbuzi zizi moja. Nitakayemkuta, asinipe hadithi."

Jumatano, dereva mmoja alikamatwa akinunua sabuni, amevaa bukta ya jeshi na shati la maua. Alipewa siku saba za mahabusu. Na jina la Koplo lilikuwa kwenye orodha ya kozi ya usajini, mwezi ujao.

Kifuani, nembo ilifichwa na mtoto. Lakini mgongoni! Mgongoni kikosi chake kiliandikwa kwa herufi nyeupe, kila moja sawa na kiganja. Koplo alirudi nyuma taratibu mpaka mgongo ukagonga ukuta, akajibanza. Pasi alikuwa akisoma karatasi yake. Hajaniona, alijiambia. Mungu wangu, asiinue macho.

Mlango ukafunguliwa. "Mwenye mtoto wa degedege!" nesi aliita. "Haraka, mama!"

Kutoka ukutani hadi mlangoni zilikuwa hatua sita, na kuzipiga ilibidi alipe benchi lile mgongo. Miguu ikagoma. Alimwona nesi akinyoosha mikono, alilihisi joto la mwanawe likimchoma kifuani, na bado hakubanduka.

"Mama, husikii?"

Pasi aliinua macho. Aliitazama fulana, akaitazama sketi, akamtazama mtoto. Akasimama.

"Koplo!" Sauti ilikuwa ileile ya gwarideni, vikombe vya dawa vikatikisika. "Mbele, tembea!"

Miguu ikamtii kabla kichwa hakijaelewa. Ndani, nesi alimvua mtoto nguo, akamchoma sindano, akamfuta mwili kwa maji ya vuguvugu. Baada ya robo saa mtoto alifumbua macho, akalia. Koplo naye akalia, kwa kwikwi, mpaka nesi akamsogezea kiti.

Alipotoka, Pasi alikuwa akimngoja uani. "Anaendeleaje?"

"Amelia, afande."

"Vizuri. Kesho saa mbili, ofisini kwa kamanda. Nitaandika nilichokiona."

Na aliandika chote: fulana, sketi, na mtoto aliyekuwa hoi. Kamanda alisoma mara mbili. Mahabusu hakumpeleka, lakini alilikata jina lake kwenye kozi ile. Angoje ijayo, mwakani. Koplo alipiga saluti, akatoka. Alishangaa kwamba haikumuuma alivyodhani. Kilichomuuma kilikuwa kingine.

Jioni hiyo, akimnywesha mtoto uji, alimwambia mama mkwe. "Nesi aliponiita, mama, nilisimama. Mtoto anaungua mikononi mwangu, nami naogopa maandishi ya mgongoni."

Bibi aliacha kukunja nguo. "Ulisimama muda gani?"

"Sijui."

"Basi mume wako asijue. Yuko mbali, atawaza bure."

Lakini Jumapili, mumewe alipopiga simu kutoka kazini kwake, Koplo alimwambia, tangu ukelele hadi amri ya Pasi, bila kuruka kitu.

"Bado upo?" aliuliza alipomaliza.

"Nipo," mumewe alijibu. "Mpe mtoto simu, nimsikie sauti."