Laibrari Aliyoandika Ouma

Seva ya Wakonyo, kompyuta iliyoendesha mchezo wa mtandaoni, ilikufa siku mchezo huo ulipopata toleo jipya. Wachezaji wake, wengi wao vijana wa Thika na Ruiru, walikuwa wamejenga humo mji mzima: maduka, mashamba, mahakama, hata kanisa. Vitu hivyo viliendeshwa na programu ndogo ndogo, plagini, na plagini zote zilitegemea faili moja ya laibrari, yenye maagizo yaliyotumiwa na zote. Sasa faili hiyo ilikuwa imegoma, na mji wote nayo.

Aliyeiandika ni Ouma. Yeye na Wakonyo walianzisha seva pamoja, Wakonyo akiwa Kiganjo, yeye Ruiru. Kila mara mchezo ulipobadilika, Ouma aliirekebisha kabla watu hawajaanza kulalamika. Kisha, kabla ya toleo hili jipya, pikipiki aliyopanda ikagongwa na lori karibu na Kalimoni, akaumia kichwa. Kabla hajafikishwa hospitali, mtu alikuwa ameshaiba laptopu yake, na kodi yote, yaani maandishi ya programu, ilikuwa humo. Kwenye seva ilibaki faili iliyogeuzwa kuwa lugha ya mashine, isiyosomeka na mtu. Wakonyo aliipeleka kwa Mwanzia, fundi wa programu pale mjini, naye akairudisha akisema ni heri kuandika upya. Hakusema nani ataandika.

Ndipo Wakonyo akaenda Ruiru.

Mama Awiti, mamake Ouma, alimpokea mlangoni. "Karibu, nyathina, mwanangu. Leo ameamka vizuri."

"Asante, mum. Nataka kumwonyesha kitu kidogo tu."

Ouma alikuwa ameketi kitandani, nywele zimenyolewa, upande mmoja wa kichwa umebonyea.

"Wakonyo. Niaje."

"Poa. Wewe?"

"Niko."

Wakonyo alifungua laptopu yake, akamwonyesha kipande cha kodi ambacho Ouma aliwahi kumtumia, ukurasa mmoja tu wa ile laibrari. Ouma alisoma polepole, midomo ikicheza.

"Hii iko fiti," akasema. "Nani ameandika?"

Wakonyo alimtazama Mama Awiti. Mama aliangalia sakafu.

"Ni wewe, Ouma."

"Mimi?"

Alirudi juu akasoma tena. Kisha akaweka vidole kwenye kibodi. Aliandika neno, akafuta. Akaandika lingine, akafuta pia.

"Najua nilikuwa najua," akasema. "Naona mahali ilikuwa inakaa. Lakini hakuna kitu."

Mama Awiti aliinuka kwenda kupika chai ambayo hakuna aliyeiomba. Wakonyo aliivuta laptopu, akaifunga.

"Wacha tu," akasema. "Tupige story."

Siku chache baadaye Mama Awiti alimpigia simu. Sauti yake ilikuwa ya uchovu, si ya hasira.

"Tangu uende, ameazima simu ya jirani, anaandika hizo vitu zenu na kufuta. Hataki kula. Jana amejigonga kichwa kwa ukuta. Nakuomba, ukija tena, usimletee hiyo kazi."

"Nimesikia, mum. Pole sana."

Wakonyo aliandika kwenye kundi la wachezaji kwamba seva imefungwa na haitarudi. Watu wachache walijibu. Mmoja aliuliza kama anaweza kupata picha ya nyumba aliyoijenga humo. Wengine walikuwa wameshahamia seva nyingine.